Lango Nililolinda Jumapili

Harjit aliniambia kwamba mtu wangu wa mchezoni aliendelea kusimama langoni miaka minne baada ya mimi kuondoka. Alisema hivyo huku akikoroga chai ambayo hakuwa ameitia sukari, bila kuniangalia. "Nilikuwa namlipia," akasema. "Kila mwezi, kutoka Kanada. Wako na wangu, wote wawili. Kumfuta nilishindwa." Watu walipita pale langoni, akaniambia, wakamsalimu kwa jina, naye hakujibu, maana hakukuwa na mtu nyuma yake wa kumjibia. Wageni walidhani amewekwa pale kama jiwe la mpaka. Tulikuwa tumekaa katika hoteli moja ya Kitale, ng'ambo ya jengo lililokuwa duka la baba yake, huku nje pikipiki zikigombania abiria. Baba yake alikuwa amefariki, naye amerudi kuliuza jengo. Ndevu zake zimeingia mvi na Kiswahili chake kimekauka kidogo, lakini bado aliniita "bana" kama zamani. Nilicheka kwa heshima. Miaka minne, mtu mwenye jina nililomchagulia mimi alisimama mahali pamoja, macho wazi, amelipiwa, hana la kusema. Nilirudi Kamukuywa jioni hiyo na kesho yake nikafungua kibanda changu kama kawaida. Mteja alipoitisha misumari ya inchi tatu nilimpimia ya inchi nne, naye akanirudishia.

Mambo ya nyumbani nitayaacha. Hayamo katika habari hii. Nilimaliza darasa la nane, nikakaa, kisha mwaka ule uliofuata mvua za El Nino nikapata kazi Kitale katika duka la vifaa vya ujenzi la Bwana Gurdev, ambaye sisi wafanyakazi tulimwita Mdosi. Nilikuwa na miaka kumi na tisa na sauti ambayo haikuvuka meno. Wateja waliniinamia kunisikia, wengine wakachoka wakamwita mwenzangu. Kuandika pia niliandika polepole, kama ninavyoandika sasa, neno moja nikilitazama kwanza kabla ya kuliachilia jingine. Kazi yangu ilikuwa kupima misumari, kukata waya wa ua na kupanda ngazi kuteremsha makopo ya rangi. Nilipewa kulala katika stoo ya nyuma, katikati ya mifuko ya simiti, ili ndani pasikose mtu. Stoo ile naijua mpaka leo kwa pua: simiti kavu, mafuta ya taa, tapentaini, na vitunguu na bizari kutoka orofani ilikoishi familia ya Mdosi. Juu ya kitanda changu ulipita waya wa simu. Ulitoka kwenye nguzo ya nje, ukapenya tundu lililozibwa kwa gazeti, ukatambaa ukutani na kuingia dukani. Mwanzoni sikuujali. Baadaye nilikuwa nikilala naujua uko wapi hata gizani, kama mtu anavyojua nyoka yuko upande gani wa chumba.

Simu yenyewe ilikaa kwenye kaunta, nyeusi, ile ya kuzungusha kwa kidole, na katika tundu mojawapo la namba Mdosi alikuwa ametia kufuli ndogo ya shaba. Kupokea ungeweza. Kupiga, mpaka yeye afungue kwa ufunguo alioufunga kiunoni. "Simu kama bomba," alituambia. "Nafungua, nasahau, yote nakwenda." Sote tulijua kufuli ile imewekwa kwa ajili yetu. Wafula, mpakizi wetu, mtu wa mzaha na mabega mapana, aliisalimu kila asubuhi: "Habari ya askari? Umelala salama?" Hata Mdosi alikuwa akicheka.

Nikikumbuka furaha ya mwaka ule, na ilikuwepo, naikumbuka mchana, nyuma ya duka, tukila. Tulikuwa wanne. Chebet, mama mtulivu kutoka Cheptais, aliandika risiti asubuhi na ikikaribia saa saba akaenda kusonga ugali. Alikuwepo Wafula, alikuwepo Mzee Barasa mkata vioo, na mimi. Ugali ulikuja mmoja juu ya sinia, mboga katika bakuli moja, sukumawiki siku nyingi, matumbo siku ya Ijumaa, na mikono yote ilikutana hapo. Hakuna aliyekuwa na sahani yake. Mzee Barasa alikuwa mtu wa kwetu upande wa Kamukuywa, mzee wa kanisa, mkavu kama fito, aliyekata kioo kwa kukikwaruza mara moja tu na kukigonga kwa kifundo cha kidole. Siku zangu za kwanza nilikuwa nikimega tonge dogo halafu narudisha mkono mapajani. Aliniona. "Kijana, kula," akaniambia. "Ugali haujui aibu." Wafula akadakia, "Na ukimwachia Wafula hautajua hata kesho." Nikacheka mpaka nikapaliwa, na tangu siku hiyo nilikula kama wao.

Harjit alikuwa mtoto wa pekee wa Mdosi. Alikuwa amesoma Uingereza miaka michache, akarudi na kompyuta moja, kisanduku kidogo chenye taa nyekundu, na macho ya mtu aliyeacha kitu njiani. Baba yake alitaka ashike duka. Yeye alikaa kaunta, akisinzia. Jumapili familia yote ilikwenda hekaluni kwao, lakini Harjit akawa anabaki, ati anahesabu mali stooni. Jumapili moja nilirudi kutoka kuoga nikamkuta amesogeza mifuko ya simiti, ameuchuna ule waya juu ya kitanda changu, na kisanduku chake kimeunganishwa hapo. Kilitoa mlio kama mnyama mdogo anayekabwa, kisha kikanyamaza. Kwenye kioo cha kompyuta yakaanza kutiririka maneno.

"Sasa, Simiyu?" akasema, kama aliyekutwa akipiga mswaki.

"Poa."

"Unasoma Kiingereza?"

"Polepole."

"Polepole iko sawa. Keti."

Ulikuwa mchezo, lakini hakukuwa na picha, wala mpira, wala kitu cha kupiga risasi. Yalikuwa maneno tu, meupe juu ya weusi. Ulisoma kwamba umesimama katika mji wenye ukuta wa mawe, kwamba mvua inanyesha, kwamba kulia kwako kuna soko. Uliandika unachotaka kufanya, na mji ukakujibu umefanya. Wale wengine waliokuwa mjini walikuwa watu wa kweli, mmoja Uingereza, mmoja Amerika, kila mmoja na mtu wake aliyemtunga, na kila mtu wa kutungwa alilipiwa ada kila mwezi. Asiyelipiwa hufifia. Aliniambia neno hilo kwa upole, kama anavyotajwa marehemu. Mtu wake Harjit alikuwa kapteni wa mji ule. Shida ni kwamba asubuhi yetu ya Jumapili ilikuwa usiku Amerika na alfajiri Uingereza, wenzake walikuwa wamelala, na lango lilibaki bila mlinzi, naye mwenyewe ilimbidi apande orofani familia ikirudi. Alihitaji mtu wa kusimama langoni, kuwauliza wanaokuja majina yao, na kufungua au kukataa. "Nitakulipia mtu wako," akasema. Ada ya huyo mtu kwa mwezi, alipoitaja, ilikuwa theluthi ya mshahara wangu. Sikuwahi kujua mtu aliyegharimu hivyo kwa kusimama tu.

Ndivyo nilivyoanza kulinda lango. Nataka niseme ukweli kuhusu Jumapili zile, kwa sababu ni rahisi leo kuzicheka. Nilikuwa na sauti. Mtu alipofika langoni aliniuliza kwa heshima, akanisubiri niandike, na ucheleweshaji wangu ulionekana kama busara. Walisema mlinzi yule haongei ovyo. Harjit alileta parotha, chapati zao za siagi, na achari ya maembe katika sahani moja, tukala wote wawili huku macho yakiwa kwenye kioo, naye akinifasiria maneno magumu. Alinicheka nilipokosea, nami nikamcheka alivyosema Kibukusu chetu. Sikuwahi kuwa na rafiki wa namna hiyo. Hata hivyo kulikuwa na mtu mmoja aliyekuja langoni kila Jumapili, msafiri asiyetaja jina, ambaye hakuomba kuingia. Alisimama upande wa nje akauliza mambo madogo. Kapteni yuko? Ndani wamelala wengi? Siku moja aliandika: "Wewe mlinzi, ni nani anayekulipia?" Nilimwonyesha Harjit nikidhani ni mzaha. Harjit hakucheka. Alisema huyo ni mpelelezi wa mji mwingine, na kwamba siku yao inakuja.

Gharama ya mchezo ule ilikuwa na midomo mitatu, ila mimi wakati huo nilijua mmoja tu. Ada ya watu wetu wawili Harjit aliilipa kupitia binamu yake Uingereza. Wenye mtambo wa Nairobi, ambao kompyuta ilipitia kwao, walikuwa na ada yao. Na wa tatu ulikuwa ule waya. Kila dakika taa nyekundu ilipowaka, duka la Bwana Gurdev lilikuwa likipiga simu Nairobi. Kufuli iliendelea kukaa kwenye kaunta imefungwa vizuri, hali simu ikivuja kwa nyuma, juu ya kitanda changu.

Bili ilikuja siku ya kazi, asubuhi, dukani kukiwa na wateja. Mdosi aliifungua kwa kisu cha kukatia kamba, akaisoma, akaigeuza nyuma kama anayetafuta kama kuna maneno mengine ya kumpunguzia. Akaivua miwani, akaifuta, akasoma tena. Kisha akaenda kwenye simu, akaivuta kufuli kwa kidole. Ilishika. Alituangalia mmoja mmoja, na sijasahau mpangilio wa macho yale: Wafula, Chebet, Barasa, mimi. Harjit alikuwa amesimama pembeni akipanga brashi za rangi, na macho ya baba yake yalimpita kama yanavyopita rafu.

"Nani nafungua simu?" akauliza.

"Si iko na kufuli, Mdosi," Wafula akasema.

"Kufuli iko. Nairobi pia iko. Nairobi, Nairobi, Nairobi." Akaipiga ile karatasi kwa ukucha. "Nani iko na mke Nairobi?"

Hakuna aliyecheka. Yeye mwenyewe hakukusudia kuchekesha.

Wenye maduka wa wakati ule walijua njia nyingi za kumtafuta mwizi. Mdosi hakwenda kwa askari. Alimtuma dereva akamlete mzee mmoja kutoka juu ya Cheptais, mtu aliyejulikana kwa maji ya kiapo. Mzee huyo alifika na kibuyu na koti refu la mvua, akaomba stuli, akaketi katikati ya duka lililofungwa milango, akawa anatutazama bila hamu kama anayengoja gari. Chebet alipomwona alishika ukingo wa kaunta. "Huyu namjua," alininong'oneza. "Huyu alikuja kwa mjomba yangu. Mwenye makosa alifura tumbo, akafa mwezi haujaisha." Mdosi alituambia wazi, na nadhani hilo ndilo lililonitisha zaidi: "Mimi hapana amini hii kitu. Lakini nyinyi naamini. Inatosha." Kila mmoja alitakiwa ashike kibuyu, aseme kwamba kama yeye ameiba simu ya duka, au anamjua aliyeiba, maji yamfunge tumbo, kisha anywe. Wafula aliapa kwa sauti kubwa mno, akanywa. Chebet akanywa huku machozi yakimtoka, na hakuwa na kosa lolote duniani. Mdosi, ili ionekane hapendelei, akamwita mwanawe. "Hata kijana yangu nakunywa." Harjit akaja, akayasema maneno yote upesi upesi, akanywa, akafuta masharubu. "Chumvi imekosa," akasema. Nikaona yule mzee wa Cheptais, kwa mara ya kwanza, anainua macho na kumtazama mtu.

Kisha Mzee Barasa. Alikuwa mbele yangu, nami nilikuwa wa mwisho. Alisukuma kibuyu kwa nyuma ya kiganja, taratibu, kama anavyosukuma kipande cha kioo chenye ncha.

"Mimi siapi, Mdosi."

"Kwa nini? Naogopa?"

"Maji siogopi. Kanisa letu halina kuapa, tangu baba yangu. Hata kortini nilikataa, hakimu akaniacha niseme tu. Niulize, nitakujibu. Ndiyo yangu ni ndiyo, la yangu ni la."

"Basi nauliza. Umepiga simu?"

"La."

"Unajua mtu napiga?"

"La."

"Basi kunywa."

"La."

Mtu wa kwetu yeyote angejua Barasa amesema nini. Upande wetu wapo wengi wa kanisa hilo, na kukataa kiapo kwao ni sawa na mwingine kukataa pombe. Lakini Mdosi aliona mtu mmoja tu aliyekataa maji, na mbele ya wote. Yule mzee wa kibuyu naye hakusema kitu cha kumsaidia. Alifunga kizibo. Mimi sikufikiwa. "Wiki moja," Mdosi akamwambia Barasa. "Jumatatu mzee huyu narudi. Nakunywa, ama nakwenda kwako." Miaka yote Barasa aliyokata vioo katika duka lile iliwekwa juu ya kibuyu kimoja.

Mchana wa siku hiyo Chebet alileta sinia kama kawaida, na pembeni akaleta sahani moja ya bati. Ndani yake alikuwa ametia ugali na mboga za Barasa. Hakusema kwa nini. Kwetu inajulikana kwamba anayekataa kiapo, hata kwa ajili ya dini, huhesabiwa amefungwa nacho, na kwamba kiapo hupita katika chakula. Anayekula chombo kimoja na mtu aliyefungwa, kamba humfunga naye. Barasa aliitazama sahani, akaichukua, akaenda kukaa kwenye benchi lake la vioo, akatugeuzia mgongo. Tulikula watatu. Wafula alijaribu mzaha mmoja kuhusu mboga, ukafia hewani. Kesho yake ikawa hivyo, na kesho kutwa. Siku ya nne nilimsikia Barasa akivunja kioo. Hakuwa amewahi kuvunja. Alikusanya vipande kwa mikono, na hakuna aliyeinuka kumsaidia, kwa sababu alikuwa akitoka damu, nayo damu iliogopwa kuliko chakula.

Kati yetu watatu wa sinia, ni mimi peke yangu niliyejua kwamba wanamkimbia asiyehusika. Nami nilianza kufikiri jambo ambalo sikulitaka. Kama kiapo kina nguvu, basi kiliyempata alikuwa Harjit, aliyekunywa akicheka. Na nani amekuwa akila sahani moja na Harjit? Nilianza kulisikiliza tumbo langu wakati wa kazi. Harjit naye alikuwa amekonda, macho yamezama, anakohoa kavukavu, na ingawa leo nasema ni kwa kukosa usingizi, wakati ule kila kikohozi chake kilinipiga kifuani. Nilimfuata stooni siku ya Ijumaa, alipokuja kuchukua rangi.

"Mwambie baba yako," nikasema.

"Nitamwambia."

"Lini?"

"Baada ya Jumapili." Akafunga mlango, akashusha sauti. "Wanakuja Jumapili, Simiyu. Wote, mji wao mzima. Sisi tukikosa mtu langoni tumekwisha. Mwaka mzima nimelipia, bana. Mwaka mzima!"

"Mzee Barasa anafukuzwa Jumatatu."

"Jumatatu kabla ya chai nitasema. Naapa."

"Usiape tena," nikamwambia.

Alinitazama kwa mshangao, akaona nimeogopa kweli, akaniwekea mkono begani. Mkono ulikuwa na joto la homa. Nami nilimkubalia. Nilitaka kuamini Jumatatu, na nisifiche, nilitaka pia ile Jumapili.

Walikuja kama alivyosema. Familia ilikuwa hekaluni, kengele za makanisa ya mjini zimekwisha kulia, na stooni kulikuwa na mlio wa inzi na wa vitufe. Yule msafiri asiye na jina alisimama mbele ya lango langu, na nyuma yake, mstari baada ya mstari, yakashuka majina nisiyoyajua. Aliandika neno moja tu: fungua. Nilitafuta herufi zangu moja moja, nikamjibu: la. Akarudia, nami nikarudia. Lango lilishika. Harjit alikuwa ameniegemea bega, anapumua kwa nguvu, ananiambia vizuri, vizuri hivyo. Ukuta wa mashariki ulikuwa umeshikwa na mwenzetu mmoja wa mbali, askari hodari ambaye Harjit alimsifu kila wiki. Katikati ya mapigano yakatokea maneno kwamba mwenzetu huyo amefifia. Hakupigwa. Mwezi wake ulikuwa umekwisha na hakuwa amelipa. Mahali pake palibaki tupu, na kupitia hapo wakaingia wote. Mimi hawakunigusa hata kidogo. Walinipita wakiwa ndani tayari, na lango langu likabaki limefungwa kwa uaminifu, likilinda mji uliokwisha chukuliwa.

Nilidhani Harjit atalia. Aliketi juu ya mfuko wa simiti, akaanza kuhesabu kwa vidole, si fedha bali watu: nani bado amelipiwa, nani anaweza kurudishwa. "Mwezi mmoja," akasema. "Tukianza leo, mwezi mmoja tunaurudisha." Nikamuuliza, na kesho? Akaniuliza, kesho kuna nini?

Hapo ndipo nilipojua kwamba hatasema. Si kwamba alikuwa mtu mbaya. Mzee Barasa hakuwa amefutika moyoni mwake kwa chuki; alikuwa amefifia tu, kama wale wengine.

Jumatatu lori la mabati lilikuwa likipakuliwa nje, na kelele yake iliingia hata milango ilipofungwa. Mzee wa Cheptais aliketi kwenye stuli ileile. Harjit alisimama chini ya ngazi, mikono mifukoni. Nilimtazama usoni, akatazama viatu.

"Barasa," Mdosi akasema.

"Siapi, Mdosi."

"Basi chukua vitu yako."

Barasa hakubishana. Alikwenda kwenye benchi, akatoa kalamu yake ya almasi ya kukatia vioo, ambayo ni mali yake aliyoinunua mwenyewe, akaanza kuizungushia kitambaa. Aliifunga kwa uangalifu sana. Mdosi akaninyooshea kidole, zamu yangu, na kibuyu kikaletwa mpaka kifuani.

"Si yeye," nikasema.

Hakuna aliyegeuka. Nje shehena ya mabati ilianguka chini.

"Si yeye, Mdosi."

"Veve nasema nini? Fungua mdomo!"

Niliona Barasa amesimamisha mikono. Alikuwa amesikia, ila hakunisaidia. Aliningoja. Sijui sauti ile ilitoka wapi. Koo liliniuma kwa siku mbili. "Si Mzee Barasa! Ni Harjit! Ni ule waya wa stooni, na mimi nilikuwa naye, kila Jumapili!" Nje wapakuaji walinyamaza. Wafula aliniambia baadaye kwamba walinisikia mpaka kwa muuza gazeti.

Mdosi aligeuka. Alienda ukutani, akauweka mkono juu ya waya, akaufuata kwa kiganja kama kipofu, kaunta, mlango, stoo, mpaka juu ya kitanda changu, akashuka nao nyuma ya simiti. Tulisikia akisogeza mifuko, mzee wa umri ule, mmoja mmoja. Alipotoka alikuwa mweupe kwa vumbi mpaka kwenye kilemba. Alimwambia mwanawe maneno machache ya kwao, kwa sauti ya chini, na Harjit akapanda ngazi. Mwisho wa mwezi alikuwa amekwisha pelekwa kwa jamaa zake ng'ambo. Yule mzee wa kibuyu aliamka, akadai nauli, akaondoka.

"Na veve," Mdosi akaniuliza, "huko ndani ulikuwa nani?"

"Mlinzi wa lango."

"Nani nalipa?"

"Harjit."

"Hapa mimi nalipa. Leo mwisho." Kisha, bila kumtazama, akamwambia Barasa, "Ile kioo ya mwalimu bado."

"Naikata sasa," Barasa akasema, akafungua kile kitambaa. Msamaha ulikuwa ni huo tu.

Nilifunga vitu vyangu kufikia saa saba. Chebet alikuwa amekwisha songa ugali, na kwa mazoea nilikwenda nyuma ya duka nikakaa mahali pangu. Nilinyoosha mkono. Mkono wa Wafula, uliokuwa njiani, ukarudi. Wa Chebet pia.

"Simiyu, si ati nakuchukia," Wafula akasema, na alikuwa karibu kulia. "Lakini umesema mwenyewe. Umekula na yeye. Baada ya ile maji, umekula na yeye."

Ilikuwa kweli. Jana yake tu tulikuwa tumekula parotha, mimi na Harjit, wakati wa vita. Niliutazama ugali ukitoa mvuke na nisijue niinuke vipi. Barasa alikuwa bado kwenye benchi lake na sahani yake ya bati, hakuna aliyekuwa amemwita arudi. Nilimsikia akiweka kalamu chini. Alikuja, akasimama juu yetu, akaigeuza sahani, ugali wake ukaangukia kwenye sinia, mbele yangu, akakunja suruali magotini na kuketi. Alimega. Akachovya katika bakuli. Vidole vyake vilikuwa na makovu mabichi ya vile vioo.

"Kula," akasema. "Una njia ndefu."

Wafula na Chebet walikuwa wameinuka, wamesimama mlangoni, wakitutazama, si usoni bali tumboni. Nilimega tonge kubwa, nikachovya palepale alipochovya yeye, na nilipomeza niliwasikia wote wawili wakizuia pumzi.